Kata, Turudie

Juzi nilienda soko la mifugo Oldonyiro kutafuta mbuzi, nikakuta mkutano wa siasa. Aliyekuwa akiomba kura ni mama aliyetengeneza vipindi vya sayansi vya runinga kwa miaka mingi. Sasa anataka kiti cha mwakilishi wadi.

"Mkinichagua, kila boma itapata kisima!" akasema.

Ghafla akanyamaza, akapasua hewa kwa kiganja kama aliye bado studio. "Kata! Turudie."

Wapambe wake wakainamisha vichwa. Yeye akakohoa, akaanza upya: "Mkinichagua, tutapima kwanza kama maji iko huko chini. Ikikosekana, nitarudi hapa niwaambie."

Nikajua kura zake zimeenda. Kisha muuza maziwa mmoja akaangua kicheko.

"Huyu anakata uongo yake mwenyewe! Wale wengine hukata utepe tu."

Makofi yakalipuka hadi ngamia wakashtuka.

Nikarudi kutafuta mbuzi, nikampenda mmoja. Mwenye mbuzi akanitajia bei, akaniangalia usoni, halafu taratibu akapasua hewa kwa kiganja.

"Kata, mzee. Turudie."

Bei ya pili ilikuwa ya chini, na mbuzi huyo nilimnunua bila kubishana.