Kitambaa cha Shilingi Hasi Mia Mbili

Enzi zetu pale mtaani Buruburu, kochi lilivaa vizuri kuliko watoto. Kila mgongo wa kochi ulikuwa na kitambaa kikubwa kilichofumwa kwa uzi mweupe, na kila mkono ulikuwa na kidogo chake. Jumamosi vilifuliwa, vikatiwa wanga, vikaanikwa mbali na sisi tuliokuwa tukicheza kati, ule mchezo wa kukwepa mpira, huku tumejaa vumbi hadi kwenye nyusi. Ukikalia kochi kitambaa kikateleza, mama alikuuliza, "Kwani hapa ni kwenu?" Nilikuwa nimezaliwa pale pale. Watoto wa siku hizi wanalala kwenye kochi tupu, miguu juu, halafu wanasema wamechoka.

Nilikuwa kidato cha pili. Mwalimu Wambua alikuwa akitufundisha milinganyo kwa kutumia kitabu kilichojaa wanaume walionunua kalamu na vifutio bila kujua bei ya chochote. Siku moja mwenzetu mmoja aliuliza kwa nini huyo mtu asimuulize tu mwenye duka. Mwalimu alifunga kitabu. Kisha akasema kila mmoja aje Jumatatu na hesabu ya kwao nyumbani: watu wawili, muuzaji mmoja, vitu viwili, jumla mbili. Tutafute bei ya kila kitu na mzazi aweke sahihi. Ambaye hesabu yake ingekataa angeifanya ubaoni mpaka ikubali.

Mimi nilichagua vitambaa. Mama na jirani yetu Mama Ciru walikuwa wamevinunua kwa mama mmoja wa Kariobangi aliyevifuma mwenyewe. Yule mama hakutaja bei ya kimoja. Ulichagua vyako, akahesabu kimoyomoyo, akakupa jumla, na hakumpunguzia mtu hata ulie. Mama Ciru alichukua vikubwa vitatu na vidogo viwili kwa shilingi mia nane. Mama yangu alichukua vikubwa sita na vidogo vitano kwa elfu moja mia nne.

Jumla ya Mama Ciru aliniambia mwenyewe; ya mama niliijua kwa sababu ilikuwa na historia. Ulikuwa mwezi wa kulipa karo ya shule, na baba, aliyekuwa karani, alikuwa amesema vitambaa vikizidi elfu moja mia nne vitarudi Kariobangi vyote. Mama alirudi na mfuko akasema, "Elfu moja mia nne kamili." Baba akasema sawa. Baada ya hapo tulikula sukuma wiki mpaka tukaanza kuota sukuma wiki, na hakuna aliyeuliza nyama imeenda wapi. Mama alivitandika akasimama mlangoni akiviangalia, na sijawahi kumwona amefurahi namna ile.

Jumapili jioni nilikaa mezani. Kikubwa nikakiita x, kidogo y. Tatu x na mbili y ni mia nane. Sita x na tano y ni elfu moja mia nne. Nikazidisha ule wa kwanza kwa mbili, nikapata sita x na nne y ni elfu moja mia sita. Nikatoa. Ikabaki y peke yake, na y ilikuwa hasi mia mbili. Nikarudia. Hasi mia mbili. Yaani kila ukichukua kitambaa kidogo, yule mama wa Kariobangi anakupa mia mbili za kwenda nazo.

"Mama," nikaita, "kwani mlilipwa?"

Mama akatoka jikoni na mwiko mkononi. Aliangalia daftari, akaniangalia mimi, akamwangalia baba aliyekuwa akisoma gazeti.

"Fanya ya nyanya," akasema polepole. "Nyanya ziko na bei nzuri."

Hapo ndipo nilipoelewa. Enzi zile kila mama alikuwa na bei mbili, ya sokoni na ya nyumbani, na mimi nilikuwa nimechukua ya nyumbani nikaipeleka kwenye hisabati. Mama Ciru alikuwa mjane, hakuwa na mtu wa kumpunguzia bei. Niliogopa. Nilianza kuviona vile vitambaa vikikunjwa kurudishwa Kariobangi. Lakini baba alikuwa ameshanyoosha mkono kuchukua daftari, kwa sababu sahihi ilikuwa yake.

Alisoma kama alivyosoma faili za ofisini, kidole chini ya kila mstari. Alipofika kwenye hasi mia mbili, kidole kikarudi juu. Mama alirudi jikoni akaanza kukoroga githeri ya mahindi na maharagwe ambayo haikuhitaji kukorogwa.

"Umekosea hapa," baba akasema. "Hii jumla ya mama yako. Weka elfu moja mia saba."

"Lakini Baba, si alisema..."

"Weka. Ufanye tena."

Nikafanya. Kidogo kikatoka mia moja, kikubwa mia mbili, bila hata nukta. Baba akaweka sahihi, akarudi kwenye gazeti lake. Kule jikoni mwiko ulikuwa umenyamaza. Kesho yake, Jumatatu ya kawaida isiyo na mgeni wala sikukuu, mama alipika chapati.

Sijui baba aliijua ile bei ya sokoni tangu lini, wala nani alimwambia. Alifariki bila kusema, na mama bado anajiuliza. Siku hizi mtoto anapiga picha hesabu na simu inamletea jibu na hatua zake zote. Hata bei za nyumbani zimekwisha. Mwezi uliopita nilinunua mapazia, na kabla sijafika nyumbani, ujumbe wa benki wa akaunti yetu ulikuwa umeshamfikia mume wangu, akanisomea bei nikiwa bado mlangoni. Hakukosea hata senti. Niliyatundika peke yangu, nikamkumbuka baba mpaka nikakaa chini.