Bati Lilibonyea Tena

Jamani, hebu nisikilizeni.

Mnajua kazi yangu hapa Lindi ni kunyoosha mabodi ya magari. Leo asubuhi dereva wa lori la mkonge kaniletea madigadi, lile bati la juu ya gurudumu, limebonyea.

"Umegonga nini?"

"Mti, fundi. Njia ya Rondo."

Nikaligonga bati mpaka likawa kama jipya, kisha nikaenda kuswali adhuhuri.

Kurudi, limebonyea palepale!

Hakuna aliyeligusa. Nikalinyoosha tena, dereva akitazama. Nilipoweka tu nyundo chini, bati likaingia ndani taratibu, mbele ya macho yetu, kama kuna mtu analiegemea.

Dereva akakaa chini mchangani.

"Haukuwa mti," akasema. "Ni mama mmoja. Nilimgonga, sikusimama."

Nikamkokota hadi kwa Bwana Shauri, mkuu wa wilaya. Gari likatumwa mbio njia ya Rondo.

Wamemkuta yule mama mtaroni, kavunjika nyonga, lakini anapumua! Sasa yuko hospitali, wallahi.

Wanawe wameambiwa eti mimi ndiye niliyembana dereva mpaka akasema ukweli. Kesho wanakuja kunishukuru.

Mimi sikumbana hata kidogo. Nyie mngewaambia nini?