Nyumba ya Mama Kulwa Ilianguka Mara Moja Tu

Cheka taratibu, maana mimi mwenyewe bado natetemeka. Mimi ni mpigapicha wa filamu. Kamera niliisomea darasa la jioni, na najigamba kwamba kutoka Geita hadi Kolandoto hakuna jicho kama langu.

Juzi tulikuwa Runzewe; mwongozaji wetu alikuwa amembembeleza Mama Kulwa miezi miwili atuachie nyumba yake kuukuu ya udongo tuibomoe kwenye filamu.

"Bomoeni, lakini sina nyingine," akatuonya.

"Kamera!" mwongozaji akaita. Nikabonyeza kitufe kwa madaha. "Inarekodi!" Kuta zikaporomoka, vumbi likafika Burundi, vigelegele vikapasua anga.

"Hebu nione, baba," akasema Mama Kulwa. Nikawasha kioo cha kamera, kifua mbele. Zikatokea ndala zangu zikifuata mahindi ya kuchoma.

Ndipo nikang'amua. Nilipoijaribu kamera mwanzoni niliiacha ikirekodi, na kile kitufe ukikibonyeza tena kinasimamisha. Mwongozaji akakaa chini, palepale vumbini.

Video ikafika kwenye "Kamera!", ikaganda, nyumba imesimama wima.

Mama Kulwa akasogeza uso karibu na kioo.

"Tunasubiri, baba. Mbona haianguki?"