Picha Aliyoimalizia Mjomba Bura

Blanketi la sufu lililonyeshewa lina harufu yake, na kila nikikutana nayo narudi kwenye ukumbi wa parokia pale Karatu, Jumamosi alasiri, madirisha yamezibwa kwa mablanketi ili giza liingie, na nje jenereta ya gari la sinema inakohoa moshi wa dizeli. Nilikuwa na miaka tisa. Nilibanwa kati ya Mama na ukuta, na sikuwahi kubanwa kwa raha namna ile.

Picha ilikuwa ya Kihindi, kwa hiyo kando ya shuka jeupe alisimama Mwalimu Tluway na fimbo yake kutufasiria. Naye Kihindi hakukijua. Aliwahi kuitazama picha hiyo Arusha akaikariri, na alipokuwa amesahau alitunga bila haya. Tulimpenda kwa hilo.

Ilihusu polisi wawili walioshibana. Mmoja, mkubwa wa kituo, alikuwa akila na majambazi wa dhahabu. Mwingine, shujaa wa picha, steringi wetu, akagundua. "Anamtazama," alifasiri Mwalimu, akimgusa steringi shavuni kwa fimbo. "Anajiuliza: huyu ndiye aliyenishika mkono nikiwa si kitu. Nimfunge?" Kina mama wakaguna. Mjomba Bura, konstebo, aliyekaa mbele yetu, alikuwa akiizungusha kofia yake magotini.

Niwaambieni nilichokuwa nimesikia nyumbani. Wiki ile mzee mmoja mfugaji alitembea kutoka Nainokanoka hadi kituoni kuulizia ng'ombe wake walioibwa. Akaambiwa hawajaonekana. Lakini Mjomba alikuwa zamu kwenye kizuizi cha barabarani asubuhi lori lilipopita nao, akaiona alama ya moto ya mzee yule mapajani mwao, na aliyelipungia mkono lipite alikuwa Sajenti Mateo, mkubwa wake. Kesho yake dume jekundu lenye alama ileile lilikuwa linakula majani nyuma ya nyumba ya Sajenti. Mjomba alimsimulia Mama haya jikoni kwetu Ganako, mimi nikichambua maharage, na kama watoto wote nikayasikia bila kuyaunganisha.

"Peleka taarifa Arusha," alisema Mama, kisha akasita. "Lakini Bura, mdogo wangu, mkeo alipokwama na uchungu na njia yote matope, si Mateo aliyembeba mgongoni hadi hospitali? Mwanao umempa jina lake. Utamtia pingu kwa mkono gani?"

"Ndiyo maana hata chakula sili, dada," alisema Mjomba.

Basi pale ukumbini, steringi alipofikisha mkono kwenye pingu, shuka likawa jeupe tupu. Mkanda ulikuwa umekwisha. Dereva wa gari la sinema akafungua kopo la mwisho la mkanda, uso ukamshuka. Ndani yake mlikuwa na filamu ya kuogesha ng'ombe dawa ya kupe.

"Mwalimu, malizia wewe!" watu wakapiga kelele.

"Jamani, huo mwisho sikuuona. Nilitoka kuwahi basi."

"Umetuibia picha! Polisi mmo humu, mkamateni!"

Kicheko kikavuma. Mwalimu, akitafuta pa kujiokoa, akanyoosha fimbo. "Afande Bura, kazi hiyo ni yako. Steringi anafanyaje?"

Mjomba alisimama taratibu. Kwenye benchi la wageni, karibu na paroko, Sajenti Mateo alikuwa bado anacheka.

"Hakumvizia," alisema Mjomba, macho kwenye lile shuka. "Alimwendea. Akamwambia, kaka, nimeona. Wewe ndiye uliyenifanya mtu, siwezi kukuchongea kisogoni. Lakini Jumatatu nakwenda kwa wakubwa. Ukinitangulia, ukasema mwenyewe, ukarudisha ng'ombe za watu..."

"Ng'ombe gani?" mtoto mmoja akauliza. "Si dhahabu?"

"Dhahabu," Mjomba akajisahihisha. "Ukizirudisha, nitakuita kaka mpaka kufa. Usipokwenda, nitakwenda mimi, na bado nitakuita kaka."

Ukumbi ukamwitikia kwa mngurumo mzito, kama wazee wanavyoitikia dua. Sajenti alikuwa ameacha kucheka.

"Na yule mkubwa akajibuje?" aliuliza Mwalimu.

"Hapo ndipo picha inapoishia."

"Aa, afande, steringi hata ngumi moja hajapiga!" wakalalamika vijana. Lakini kwa miaka mingi watoto wa Karatu tuliisimulia picha ile na mwisho huohuo, tukiapa kwamba tuliuona kwa macho.

Jumatatu Sajenti Mateo alipanda basi la Arusha, sare imepigwa pasi, peke yake. Alivuliwa vyeo, akafungwa. Mzee wa Nainokanoka alipata dume lake na nusu ya kundi. Na kila msimu, Sajenti alipokuwa gerezani, Mjomba alimlimia mke wa mwenzake shamba, hata siku mama yule alipomfungia mlango.

Nilikua nikimhesabu Mjomba kuwa mtu asiyejua woga. Nilikuwa mtu mzima nilipomuuliza kwa nini aliyasema yale mbele ya ukumbi mzima, wakati nyumba yake na ya Sajenti zilitenganishwa na ua wa minyaa tu. Ndipo nikaelewa kwamba aliogopa sana, na aliyekuwa akimwogopa ni yeye mwenyewe.

"Tungekuwa wawili tu, mwanangu," alisema, "ningemsamehe kabla hajafungua mdomo. Na ng'ombe hawakuwa wangu."