Tawi la Pili Minjila

Tamar Godhana ndiye aliyemfundisha Asli kuendesha gari. Mwaka ule wa kesi alimweleza hivyo kila aliyekubali kumsikiliza.

Alizaliwa Ndera kwa wakulima wa kando ya mto, akaendesha lori la kokoto Malindi miaka mingi, kisha akarudi Garsen kufungua tawi la chuo cha udereva cha Usukani Imara. Kampuni yenyewe ilikuwa Mombasa. Ilimruhusu kutumia jina na rangi zake, na katika mkataba ikaahidi kutofungua tawi jingine eneo la Garsen. Watu wakalizoea gari lake jeupe lenye mstari wa manjano, likikwamakwama barabarani huku yeye akifoka, "Taratibu! Klachi haikanyagwi kama nyoka!"

Asli Bule, mke wa mfugaji wa Kiorma, alishika masomo upesi kuliko wote. Tamar akampenda, akamfundisha hata namna ya kufundisha wengine.

Ndipo asubuhi moja akaona bango jipya pale njia panda ya Minjila, mwendo mfupi tu kutoka Garsen. Usukani Imara. Jina lilelile, rangi zilezile, na Asli mlangoni.

"Mbona hukuniambia?" Tamar aliuliza.

"Kampuni ilisema Minjila si Garsen, Mwalimu. Nikadhani wameshazungumza na wewe."

Tamar aliishtaki kampuni. Lakini hakuishia hapo. Kila siku alipitisha wanafunzi wake Minjila, hata waliokuwa wakijifunza kurudi nyuma tu. Aliwaona wanawake wa Kiorma na Kisomali wamelizunguka gari la Asli, wakicheka, na cheko lile lilimchoma. Kwake hawakuwahi kucheka hivyo.

"Ona anavyoegesha," alimwambia binti yake Joy. "Ovyo kabisa."

"Ameegesha sawa, Mama."

Mahakamani, wakili wa kampuni alimuuliza, "Taja mwanafunzi mmoja aliyekuhama akaenda Minjila."

Tamar akawapitia wanafunzi wake wote akilini. Wale wanawake hawakuwahi kukanyaga kwake hata siku moja.

"Simjui," alisema, na uso ukamwaka moto.

Hata hivyo alishinda. Hakimu alisema anayeishi Minjila huhesabu soko na hospitali za Garsen kuwa zake, kwa hiyo Minjila ni eneo la Garsen, na kampuni ilikuwa imevunja ahadi. Tawi lile lisitumie tena jina la Usukani Imara. Tamar alitoka akipiga vigelegele, na usiku huo akalala fofofo.

Wiki haijaisha, bango likashuka. Likapanda jingine, la kijani: Chuo cha Udereva cha Asli. Wanawake walewale, cheko lilelile.

Tamar akampigia simu wakili wake, Griffin, akihema. "Huyu anadharau mahakama!"

"Hadharau, Mama Joy. Ahadi ilikuwa ya kampuni. Asli hakuahidi chochote, na sasa yuko huru. Wewe ndiye bado uko chini yao."

Alikata simu bila kuaga. Akaendesha hadi Minjila peke yake, akasimama kando ya bango lile la kijani. Jina la mtu mwenyewe, herufi kubwa. Yeye, kwa miaka yote ile, hakuwahi kuandika lake popote.

Asli alimwona, akaja hadi dirishani. "Karibu, Mwalimu. Shuka unywe chai."

Tamar hakushuka. Alikuwa akimtazama mwanamke mmoja aliyekaa kwenye gari la mafunzo, amekakamaa.

"Mwambie alegeze mikono," alisema hatimaye. "Usukani ameushika kama kamba ya fahali."

Asli akageuka, akamwita yule mwanamke kwa Kiorma, maneno mawili matatu ambayo Tamar hakuyaelewa. Yule mwanamke akaangua kicheko, na mabega yakashuka.

Tamar akatia gia. Wivu ulikuwa umemjaa hadi machoni.