Kanda ya Video Kutoka Israeli

Mjomba wangu alirudi kutoka Israeli, alikokwenda kusomea kilimo cha umwagiliaji, akiwa na kanda moja ya video. Alituambia ni vichekesho vya televisheni ya huko, watu wanavyojicheka wenyewe. Mama alisikia Israeli tu.

Wakati huo mama alikuwa anafundisha watoto wa Jumapili kanisani kwetu, mtaa wa Pasiansi. Baba naye alikuwa ametoka kununua televisheni na deki ya video. Mwenyekiti wa akina mama akaanza kusema kwamba televisheni inaleta uhuni, na mwalimu wa watoto hawezi kutoka kwenye nyumba ya namna hiyo. Mama aliipenda kazi ile kuliko kitu chochote. Akamwalika mwenyekiti aje aione Nchi Takatifu.

Alikuja na Biblia. Tulimwamkia, akaitikia, akaomba sala ndefu mbele ya televisheni. Mjomba akawasha deki.

Hapakuwa na Yerusalemu. Palikuwa na watu kwenye foleni ya ofisi, wanasukumana, kila mmoja anadai ametangulia, na karani dirishani anakunywa chai taratibu. Mama aliinamisha kichwa. Mimi ningezima. Lakini mjomba, mwenye rimoti, alisimamisha picha akaanza kutueleza kwa nini inachekesha. Alieleza foleni za huko, makarani wa huko, na Kiebrania chake cha miezi michache. Akaiachia kidogo, akaisimamisha tena. Huko kwao walishacheka wakaenda kulala. Karani wetu alikuwa bado ameinua kikombe.

Nilikereka mpaka nikatafuna kucha, ila mimi si mtu wa kumkatiza mkubwa.

Aliyemkatiza ni mwenyekiti. "Baba, iache iende. Karani huyu namjua. Yuko pale hospitali, alinikalisha kwenye benchi kutwa nzima." Akacheka mpaka Biblia ikateleza magotini. Kwenye kanda wakaja majirani wanaogombana ngazini kwa ajili ya takataka, akacheka tena, na mjomba akaendelea kueleza huku mwenyekiti anacheka.

Tulimsindikiza hadi barabarani. Mama aliuliza kwa sauti ndogo habari ya watoto wa Jumapili.

"Endelea nao," mwenyekiti akasema. "Ila huyu kaka yako asije kuwafundisha."

Tuliporudi, mjomba alikuwa amerudisha kanda mwanzo. Akaniuliza kama nimeelewa ile ya foleni. Nikasema nimeelewa. Akanieleza.