Maiti Hana Leseni

Karani wa madai katika ofisi ya bima ana sauti laini kama pamba, na kadiri anavyokunyima ndivyo inavyozidi kulainika. Kabla ya kukataa, hufuta miwani kwa ncha ya tai. Msusi alipoona miwani inavuliwa, alijua saluni yake itabaki na tundu la ukubwa wa gari, gari la jirani aliyefia kwenye usukani.

“Pole sana, dada yangu,” karani alisema. “Daktari kaandika moyo ulisimama kwanza, ndipo gari likagonga. Kwa hiyo aliyekugonga ni maiti, na maiti hana leseni.”

“Bima aliikata akiwa hai, kaka. Au mlikubaliana afe gari likiwa limeegeshwa?”

Karani akafuta miwani tena. “Pole, dada.”

Msusi akasogeza kiti mbele, maana pole haijengi ukuta. “Na wewe moyo ukikugomea barabarani, mkeo ndiye atakayewalipa watu?”

Mkono wa karani ukaacha miwani, ukapanda polepole hadi kifuani, ukatulia pale kama unaosikiliza.

“Marehemu alikuwa na umri gani?”

“Rika lako.”

“Kesho mlete fundi akadirie huo ukuta,” karani alisema, na mkono hakuushusha.